Askofu Mkuu Atoke Kwetu

Ruangwa, Jumanne jioni, 1956

Sitaomba radhi. Njia nzima kutoka Nachingwea, nyuma ya lori, nimejiambia hivyo, na nimefika nyumbani bado nasema hivyo.

Mapadre wa Anglikana tulikutana leo kuzungumzia mpango wa dayosisi kuungana, ili tuwe na Askofu Mkuu wetu badala ya kumtegemea wa Uingereza. Padre mzungu anayetusimamia akasema kiti hicho kitakaliwa na Mwingereza kwa muda mrefu. "Ninyi hamjakomaa," alisema huku anatabasamu.

Nikasimama. Padre Danieli, aliyeketi kando yangu, akanivuta kanzu nikae. Sikukaa; nikamgeukia yule mzungu.

"Padre, kazi ya Askofu Mkuu ni nini?"

"Kuwaweka wakfu maaskofu, kuwaunganisha, na kulisemea Kanisa mbele ya serikali."

"Basi matrekta ya mradi wa karanga wa serikali yalipong'oa mihogo ya waumini wangu, nani alitusemea?"

Akafunga kikao. Baadaye aliniita pembeni: niombe radhi kabla ya Jumapili, la sivyo nitahamishwa.

Naogopa, sifichi. Watoto wanasoma hapa, na mke wangu ndiyo kwanza amepanda ufuta. Nilipomweleza, aliacha kupepeta mtama.

"Ulisema uongo?"

"Hapana."

"Sasa radhi ya nini, Baba Yohana? Ufuta hata huko tutapanda."

Nikacheka, mara ya kwanza leo.

Jumapili nitasimama madhabahuni na kumwombea, kwa sauti, Askofu Mkuu atakayetoka kwetu. Anayetaka kunihamisha aje asikie mwenyewe.