Mkanda wa Nyumba ya Bweni Fatima

Moroni

Mama yangu mpenzi,

Shikamoo. Goti lako linaendeleaje? Ile dawa ya kuchua niliyokuletea umeitumia, au umempa jirani kama kawaida yako? Mimi mzima, ila nimekuwa mkali. Nimerithi kwako.

Tangu Wafaransa waondoke, chumba cha filamu hapa Moroni kimebaki mikononi mwangu. Majuzi alikuja mgeni wa televisheni ya Ulaya akitafuta picha za siku za uhuru. Akaupenda mkanda niliopiga Mutsamudu, mji wa kisiwa cha jirani, wakati ule: wanawake wako uani, wao kwa wao, wanapiga matari vichwa wazi. Alitaka kuununua moja kwa moja, aukate apendavyo, aseme wanawake hao wamevua mitandio yao ya shiromani kuishangilia serikali ya Ali Soilih. Uongo mtupu! Siku ile serikali hii ilikuwa haijazaliwa. Walijitandua kwa sababu hapakuwa na mwanamume, na mpiga picha nilikuwa mimi.

Nikamwambia akaombe ruhusa ya wenyewe. Akaenda, akarudi anatabasamu: waume wao wote wametia saini. Mkuu wangu, kijana wa enzi mpya, akanisukumia mkataba.

"Toa mkanda, Zainabu, ama toa ufunguo wa kabati uondoke."

Mama, nilicheka kwa hasira. Mgeni simlaumu, lakini mkuu wangu kazaliwa hapa! Anajua fika kwamba huku nyumba ni ya mwanamke, mume huhamia kwa mkewe. Saini ile ilikuwa sawa na ya mpangaji anayeuza nyumba.

Nikamchukua mgeni hadi Mutsamudu kwa Bweni Fatima, yaani Bibi Fatima kwa lugha ya huku, mwenye ua ule. Alimkaribisha kwa adabu, akammiminia chai, akamsikiliza mpaka mwisho. Mumewe alikuwa mlangoni anakohoakohoa.

"Huyu mume wangu nampenda," Bweni Fatima akasema, "lakini dago hili, nyumba hii, ni langu, kanijengea baba. Yeye karuhusu kilicho chake. Mpige picha yeye."

Mgeni akainamia kikombe chake. Nikamkumbusha Bweni Fatima kwamba mwisho wa mkanda nilikuwa kichochoroni, na yeye, keshajitanda, anafunga mlango. Akacheka sana.

"Huo mlango mpe. Auonyeshe mara moja tu, asiukate."

Nikaandika hivyo hivyo kwenye mkataba, mgeni akatia saini, nikamkatia kipande chake. Mkuu wangu tangu hapo hanisemeshi, na nasikia anatafuta mtu wa kushika nafasi yangu.

Nisalimie dada Mwanaidi, fundi wetu wa cherehani, na mjomba muuza kahawa; mwambie maneno yangu bado ni machungu kuliko kahawa yake. Uliniandikia nirudi Unguja mambo yakiwa magumu. Sirudi, Mama. Ukisikia nimefukuzwa, usilie. Ufunguo nitampa kwa mikono miwili, afungue kabati atakavyo. Mkanda uko Mutsamudu, sandukuni mwa Bweni Fatima.

Mwanao asiyeinama,
Zainabu