Mzunguko Alioukumbuka Baba

Wilkes, Karolina Kaskazini
Jumatatu, Juni 1987

Kwako dada Lorna,

Natumaini barua hii itakukuta mzima, wewe, shemeji Vernon na watoto. Sisi huku tunakula na kutembea, ila kuna mambo siyaelewi, na ndiyo maana nimeshika kalamu.

Jumamosi nilishinda! Unajua tangu Baba aliponiachia gari lake la mbio, watu wa hapa hawaishi kunitania kwamba mtoto wa Harlan Pruett karithi gari, mguu kausahau nyumbani. Basi safari hii nilimpita Dewey Starnes kwenye kona ya mwisho, jukwaa zima likasimama. Nilipotoka garini, Baba alikuwa ameshakinyakua kikombe. Akakiinua juu, akawashukuru watu kwa kumngojea miaka yote hiyo. Watu wakacheka, wakapiga makofi. Dewey akapaza sauti, "Mzee, mwachie mtoto kikombe chake, bwana!"

Baba akamtazama Dewey, kisha akanitazama mimi. "Mtoto gani?"

Nilicheka pia. Ningefanya nini?

Njiani kurudi alinisimulia mzunguko wa mwisho kama kwamba yeye ndiye aliyeshika usukani, kona kwa kona: jinsi Dewey alivyomfungia njia ya ndani, jinsi yeye alivyopandisha gari upande wa juu wa kona mpaka bati likakwaruza ukuta, jinsi alivyobana pumzi kabla ya kukanyaga mafuta. Jana, Baba alipotangulia kanisani, Mama aliniambia si mara ya kwanza. Juzijuzi Baba alimtafuta bibi nyumba nzima, bibi ambaye tulimzika sote. Daktari anasema ni zile ajali zake za mbio, kichwa kimepigwa mno. Mama akanisihi nisimsahihishe.

Sikumsahihisha, dada, lakini si kwa huruma. Nilikuwa namsikiliza. Nakumbuka bendera nyeupe ya mzunguko wa mwisho, halafu nakumbuka mikono ya watu ikinivuta nitoke kwenye dirisha la gari. Katikati hamna kitu. Hayo ya kumpita Dewey niliyokuandikia hapo juu nimeyapata kwa Baba. Nilikwenda kulitazama gari, nikakuta bati la kulia limekwaruzwa vilevile alivyosema. Tangu nilipogonga ukuta mwezi wa Aprili, kichwa kinanivuma, na mara nyingine naingia chumbani nisijue nilifuata nini. Mama hajui. Ni wewe tu.

Leo asubuhi nilimwambia Baba kwamba Jumamosi hii sipandi gari, nataka kwenda kwa daktari. Nilitegemea atanifokea. Akanishika bega kwa upole, akasema, "Nenda, kijana, kapumzike. Nitaendesha mimi." Sasa yuko gereji, anapiga mluzi, analegeza mikanda ya kiti ikae sawa na mwili wake. Nimesimama mlangoni, sijui niingie nimwambie nini.

Njoo, Lorna, kabla ya Jumamosi. Utupeleke sote wawili.

Nisalimie shemeji, wabusu watoto.

Mdogo wako akupendaye,
Royce