Kuku Aliyelala Mikononi Mwangu

Mama yako anakuja kufundisha habari za ubongo ukumbini kwetu Ipogolo, Iringa nzima imealikwa! Kamwene, mjukuu wangu. Tu wazima, babu yako anapiga pasi suti.

Umeuliza elimu hiyo alianzia wapi. Kwangu, kwa nani tena! Enzi za ujana wangu nilimfunika kuku kichwa kwa bawa lake, nikambembeleza akalala. Mama yako, mdogo bado, akauliza, "Mama, kuku kaenda wapi?"

"Si huyu hapa?"

"Huyu namwona. Yeye mwenyewe kaenda wapi?"

Jibu lake mpaka leo analitafuta.

Juzi kanipigia, anaogopa watu hawatamwelewa. Nikamwambia, "Kuku namleta mimi." Akacheka, woga ukaisha.

Shangazi yako unayekaa naye afunge duka lake huko Mwanjelwa, mje wote Jumamosi.