Avelina Amepata Kazi ya Kahawa

Maguu,
Mbinga.
14 Julai 2024

Mpendwa Kaka Mansuetus,

Shikamoo. Huko Tanga mnaamkaje? Shemeji Eliza na watoto hawajambo? Sisi tu wazima, ila baridi ya mwaka huu inamsumbua Mama magoti. Kila gari likiingia kutoka Mbinga mjini anachungulia njia, ingawa anajua hukusema unakuja.

Ningekupigia simu, lakini jambo hili linataka kusimuliwa taratibu. Mdogo wetu Avelina ameajiriwa! Unakumbuka alivyoachishwa shule kwa sababu ya kifafa, watu wakakataa hata kula naye sahani moja. Mwezi wa tano Dada Hilda, msimamizi wa mtambo wa kumenya kahawa, alimchukua akachambue kahawa kwenye vichanja vya kuanikia.

Kaka, hata hajazoea, akaanguka mbele ya wote. Wenzake walikimbia, wakiogopa lile povu la mdomoni. Jirani yetu Notburga akasema, "Ama yeye aondoke, ama sisi." Nilipofika nilimkuta Avelina amekaa chini, anajifunga kanga arudi nyumbani. Nililia. Nilitamani uwepo wewe uliyekuwa ukimbeba mgongoni.

Hilda hakukubali. Alimleta muuguzi wa zahanati, ambaye aliwaeleza wafanyakazi kwamba kifafa hakiambukizi, akawaonyesha namna ya kumlaza kwa ubavu. Avelina akapewa kichanja kilicho mbali na mashine na matangi ya maji. Dawa anameza bila kukosa. Juzi alianguka tena, na aliyemkinga kichwa kisigonge chini ni Notburga huyo huyo. Avelina alipopata nafuu, alirudi kwenye kahawa yake.

Mchana nyumba iko kimya mno. Mimi niliyezoea kumchunga Avelina nabaki sina wa kumwangalia, na hapo ndipo hamu ya kukuona inapozidi. Mama humpakulia Avelina chakula, kisha hukumbuka hayupo. Hucheka huku akifuta macho.

Baba mdogo Stephano na shangazi Scholastica wanawasalimu sana. Mama anawaombea kila jioni. Mungu awatunze safarini na nyumbani.

Nilimuuliza Avelina nikuandikie nini kwa niaba yake. Akafikiri, kisha akasema, "Mwambie Kaka, siku akija asinitafute nyumbani. Anifuate kazini."

Mdogo wako akupendaye na kukungoja,
Gaudiosa