Shemeji Kashindi Aje Mahakamani

Bukavu, gerezani

Mdogo wangu Safari,

Yesu Kristu asifiwe. Nakusalimu wewe na nyumba yako, na wote walioamka salama huko Luberizi. Je, homa ya maman yetu imetulia? Mpunga umekwisha kuvunwa, au maji ya mfereji yamewachelewesha tena? Mimi ninaishi. Magoti yananiuma kwa kulala juu ya simenti, na ninakula kile anachoniletea mke wangu kutoka Muhumba, siku anapopata nafasi ya kuja.

Ninakuandikia kuhusu shemeji yetu Kashindi. Unajua alivyonishitaki: magunia ya mchele aliyoyatuma kutoka Luvungi hayakuonekana katika depo ya bidhaa ninayoitunza, naye akawaambia polisi kwamba nimeyauza. Unajua pia kwamba magunia yalipatikana; dereva alikuwa ameyashusha katika depo nyingine. Mke wangu alinieleza jinsi Kashindi alivyokuja kwako na mbuzi, akaomba radhi mbele ya ukoo, mkanywa pombe ya upatanisho. Nilimshukuru Mungu. Nilikunja blanketi langu, nikangoja kuitwa.

Niliitwa. Hakimu akauliza mlalamikaji yuko wapi. Karani akatazama benchi, akasema hayupo. Kesi ikaahirishwa, na tangu hapo imekuwa hivyo kila kikao. Mara ya mwisho niliomba ruhusa ya kusema. Nilimwambia hakimu kwamba Katiba inampa kila mtu haki ya kuhukumiwa bila kucheleweshwa: kama nina hatia anihukumu, kama sina aniachilie.

"Muzee, ile sheria naijua," alijibu bila ukali. "Lakini mulipatana mu famiye, kule kwenu ku nyumba, huku hatukuona kitu. Mwenye alikushitaki akuye aseme kwa kinywa yake."

"Na asipokuja?"

"Basi utarudia kule ku gereza."

Huku gerezani wananiita Papa Remizi, kwa sababu kila nitokapo mahakamani ninarudi na neno hilo la Kifaransa, yaani kesi imeahirishwa. Kapita, mfungwa anayetuongoza, hunipokea mlangoni: "Papa Remizi, karibu ku nyumba! Balikupa tena ile yako ya kila siku?" Wenzangu wanacheka, nami ninakwenda kuketi mahali pangu.

Juzi kapita huyo alikaa kando yangu, akasema kwa sauti ya chini: "Muzee, kubali tu. Sema uliiba. Wakati yenye ulimaliza humu inapita azabu yenyewe. Batakuachilia ile siku."

Nilijua anasema kweli.

Nilimtuma mke wangu kwa Kashindi kumwomba aje mahakamani, nawe ulikuwapo. Alirudi na jibu lake neno kwa neno: "Maman, ile maneno tulishaizika. Tulikunywa. Nikiitaja tena mbele ya batu, ni mimi mwenye nitakuwa nimeanzisha ugomvi." Na wewe, Safari, ukaitikia kwa kichwa kumuunga mkono.

Ninaifahamu desturi yetu. Jambo lililonywewa pombe halitajwi tena, na anayelitaja huonekana kuwa amevunja amani. Lakini hakimu hakunywa pamoja nanyi. Kwake mashitaka yangali hai, na mtu pekee awezaye kuyaondoa amenyamaza kwa kuniheshimu. Heshima hiyo ndiyo iliyonifungia mlango.

Kwa hiyo nakuagiza, mimi mkubwa wako. Nenda Luvungi. Usibebe mbuzi wala pombe. Litaje jambo hilo waziwazi, kisha uje naye wewe mwenyewe mpaka mahakamani. Akikasirika, akasirike. Nikiwa nje, tunaweza kupatana naye mara ya pili.

Asipoonekana katika kikao kijacho, nitafanya alivyosema kapita. Nitasema mbele ya watu kwamba niliiba mchele wa shemeji yangu, na nitarudi kwenu nikiwa mwizi. Nimekwisha kuamua, kwa maana mwili wangu hauwezi kungoja zaidi. Ndipo ukoo utakapojua ulikunywa pombe kwa ajili ya nini.

Unisalimie maman yetu, lakini usimsomee haya. Msalimie mke wako, na katekista wetu anayeniombea kila Jumapili. Dada yetu, mke wa Kashindi, umwambie kwamba sina kinyongo na mume wake. Ninamhitaji tu.

Ni mimi kaka yako Deogratias, ambaye bado hajahukumiwa.