Sauti Iliyomo Kwenye Albamu

Jumapili, tarehe 9

Dada mpenzi,

Sisi wazima, na gitaa langu la besi limepata nyuzi mpya. Albamu ya bendi yetu ya muziki wa soul imetoka, baada ya kimya cha miaka mingi. Kaka, mwimbaji wetu wa siku zote, alijaribu kuimba. Tulimshushia nyimbo hadi sauti ya chini kabisa, koo likagoma. Alipokwenda kupumzika, mwanao akaimba zote. Sauti yake ni ileile ya kaka ujanani.

Jana tulimsikilizisha kaka albamu, naye akadhani anayeimba ni yeye. Akacheka: "Mlidhani nimekwisha, eti? Haya, sikilizeni wenyewe."

Hatukumwambia kuwa ni mwanao.

Leo amekodi ukumbi ili aziimbe nyimbo hizo mbele ya watu. Anataka ukae mstari wa mbele. Njoo, dada. Atahitaji mtu wa kumshika mkono akishuka jukwaani.

Mdogo wako,
wa besi