Mama wa Albania Kwenye Shuka la Sinema

Baba mdogo, kamwene.

Nakuandikia kutoka Makambako, nimekaa kwenye ngazi ya gari la sinema. Tangu tukuzike, kipaza sauti chako nimepewa mimi. Jumamosi tunaonyesha kwetu Lyamkena, picha ileile ya Albania, na mimi ndiye wa kuieleza. Naogopa, baba.

Unakumbuka watu walivyoipenda? Ile milima, wale kondoo, wazee wenye kofia nyeupe za sufu. "Mnatudanganya, hapa ni Bulongwa, milimani kwetu!" walipiga kelele. Nawe unacheka, unaendelea kueleza kwa Kibena chako kitamu, mpaka anapotokea yule mama anayelia mlangoni, askari wakipita. "Analia kwa furaha," ulisema kila mara. "Mwanawe amerudi kutoka vitani." Wanawake wakapiga vigelegele. Mama mdogo, pale mbele kwenye majani, alitazama tu. Lameki, mwanenu, alikwenda Burma na askari wa Waingereza, na hadi leo hajarudi, wala barua haijaja.

Basi juzi Bwana mpya wa sinema, yule Mzungu, akanipa ile karatasi ya Kiingereza inayokuja na picha, ile uliyokuwa ukiikunja na kuitia mfukoni, maana Kiingereza hukusoma. Mimi nimeisoma. Yule mama anamlilia mwanawe aliyeuawa. Na Bwana anataka nisome neno kwa neno, kwa Kiswahili, asikie mwenyewe. Nilitaka kuikimbia kazi, nakuambia kweli.

Jana nikaenda kwa Mama mdogo kumweleza. Alikuwa anamenya viazi, hakuinua hata uso.

"Najua," akasema. "Mwenye furaha hashiki kichwa kwa mikono miwili. Hata baba yako mdogo alijua. Alisema vile kwa ajili yangu, na mimi nilikwenda kukaa mbele kwa ajili yake. Wewe soma kilichoandikwa. Nimechoka kungoja."

Sasa Bwana simwogopi tena. Naogopa lile neno moja, "aliyeuawa", kwa sababu nikilitamka Jumamosi, Lameki naye atakuwa amekufa, na mimi ndiye nitakayekuwa nimemzika.

Lala salama, baba. Nitasoma kama Mama mdogo alivyotaka. Nikishalisema, nitaweka kipaza sauti chini, nishuke nikakae naye kwenye majani. Picha itaendelea yenyewe, bila maneno.

Mwanao.